Kuanika na Kukausha: Simu Iliyoingia Maji katika Historia ya Tarime na Serengeti

Historia ya kukausha vitu katika wilaya za Tarime na Serengeti, mkoani Mara, imeitangulia historia ya simu kwa karne nyingi, na anayetaka kueleza kwa nini wakazi wa wilaya hizi walimshughulikia mgonjwa huyu mpya, yaani simu iliyoingia maji, kwa namna walivyomshughulikia, hana budi kuanzia kwenye nafaka, mihogo na nyama kabla ya kufika kwenye betri na saketi. Simu ya mkononi haikukuta watu wasiojua kupambana na unyevu. Iliwakuta watu wenye elimu kamili ya kuanika, iliyojaribiwa na njaa na mvua za vizazi vingi, na elimu hiyo ndiyo iliyotumika kwanza kwa sababu hapakuwa na nyingine. Hoja ya makala haya ni kwamba elimu hiyo ilikuwa sahihi kwa vitu ilivyoundiwa lakini ilijibu swali lisilo la simu: nafaka huharibiwa na unyevu unaokaa kwa siku nyingi, ilhali simu huharibiwa na umeme unaopita ndani ya maji kwa muda wa dakika chache, na tofauti hiyo ndiyo iliyochukua takriban miaka 20 kueleweka.

Mazingira yenyewe yanaeleza kwa nini tatizo hili halikuwa dogo. Mji wa Tarime uko katika nyanda za juu zinazopakana na Kenya, kwenye mwinuko wa takriban mita 1,500 kutoka usawa wa bahari, na mvua ya nyanda hizo huzidi milimita 1,200 kwa mwaka, kiasi kinachotosheleza kahawa, migomba na mahindi. Mvua hiyo hupungua kadiri mtu anavyovuka Mto Mara kuelekea Mugumu, makao makuu ya Wilaya ya Serengeti, na kuendelea hadi kwenye mbuga kavu za hifadhi. Masika huja kati ya Machi na Mei na vuli kati ya Oktoba na Desemba, lakini ukaribu wa Ziwa Viktoria huleta mvua za radi za alasiri hata nje ya misimu hiyo, mvua ambazo humkuta mtu akiwa machungani, mnadani au juu ya bodaboda. Mto Mara nao, ambao huanzia kwenye misitu ya Mau nchini Kenya na kusafiri takriban kilomita 400 hadi ziwani, hutenganisha wilaya hizi mbili katika sehemu ya mkondo wake, na vijito vingi vinavyoumwagia maji huvukwa kwa miguu na watu na mifugo wakati wowote visipofurika, na wakati mwingine hata vinapofurika.

Katika mazingira hayo Wakurya, Wangoreme, Waikoma, Wanata na majirani zao waliishi kwa kutegemea ulezi na mtama kabla mihogo na mahindi hayajachukua nafasi kubwa mashambani, na mazao yote hayo hayana thamani ya akiba mpaka yakaushwe. Ulezi uliokaushwa vizuri huweza kukaa ghalani miaka kadhaa bila kubunguliwa, jambo lililoufanya uwe bima ya familia dhidi ya njaa, lakini ulezi uliowekwa na unyevu huvunda ndani ya majuma machache. Uwanja wa nyumba ulisiribwa kwa samadi ya ng'ombe ili vumbi lisichanganyike na nafaka, na palipokuwa na miamba mipana ya matale, ambayo ni mingi katika nchi hii, miamba hiyo iligeuzwa kuwa mahali pa kuanikia: jiwe hupata joto mchana kutwa, kwa hiyo kilichoanikwa juu yake hupata joto la jua kwa juu na la jiwe kwa chini. Mihogo iliyomenywa, ikavundikwa kisha ikakaushwa, ambayo katika Kanda ya Ziwa huitwa udaga, bado huonekana ikiwa imetandazwa myeupe juu ya miamba hiyo kandokando ya barabara. Ukavu ulipimwa kwa meno: punje inayokatika kwa mlio imekauka, na inayobonyea hurudishwa juani. Kipimo hicho cha meno hakiko mbali sana na cha wataalamu wa leo wa hifadhi ya nafaka, wanaotaka mahindi yafike unyevu wa asilimia 13 hivi kabla ya kuwekwa ghalani.

Hata hivyo si kila kitu kilikaushwa juani, na jambo hili lina uzito kwa yale yatakayofuata. Nyama ilikatwa kuwa vipande virefu vyembamba na kutundikwa penye upepo na moshi, na vipande hivyo, ambavyo magharibi mwa Serengeti huitwa vimoro, vilikuwa chakula cha safari na bidhaa ya kubadilishana kabla sheria za uhifadhi, hasa baada ya Hifadhi ya Taifa ya Serengeti kutangazwa mwaka 1951, hazijaufanya uwindaji usio na kibali kuwa kosa. Majani ya tumbaku nayo yalitundikwa kivulini, kwa sababu jua kali huyakausha haraka mno na kuyafanya yavunjike. Kulikuwa basi na shule mbili za kukausha, moja ya jua na moja ya kivuli na upepo, na kila moja ilikuwa na vitu vyake. Simu, kama ingepata mtu wa kuipangia shule mapema, ingepelekwa kwenye ile ya tumbaku; lakini ilipelekwa kwenye ile ya ulezi.

Sababu yake haikuwa ulezi wenyewe bali redio. Katika miaka ya 1960 kampuni ya Kijapani ya Matsushita ilianzisha kiwanda jijini Dar es Salaam kilichotengeneza redio na betri kavu zilizouzwa kwa jina la National, na katika miongo iliyofuata betri hizo, pamoja na za chapa nyingine, zilifika kwenye kila duka la kijiji kwa ajili ya redio na tochi. Betri zilikuwa ghali kwa mkulima na zilikwisha upesi, na desturi iliyoenea Tanzania nzima ilikuwa kuzitoa zilizochoka na kuzianika juani, juu ya bati au jiwe, kisha kuzirudisha redioni jioni wakati wa taarifa ya habari. Desturi hii haikuwa ushirikina. Betri ya zinki na kaboni hutoa umeme kwa mmenyuko wa kemikali, yaani badiliko ambamo vitu viwili hugeuzana na kuwa vitu vingine, na joto huharakisha mmenyuko huo na kuziwezesha kemikali zilizobaki kusogea kwa urahisi zaidi ndani ya betri, hivyo betri iliyoota jua hutoa kweli nguvu kidogo ya ziada kwa muda mfupi. Kizazi kizima kikakua kikijua, kwa ushahidi wa masikio yake, kwamba kifaa cha umeme kikidhoofika dawa yake ni jua. Simu ilipokuja na betri yake ya kuchomoa, ilionekana kuwa ndugu mdogo wa redio.

Simu za mkononi zilianza Tanzania mwaka 1994, wakati kampuni ya Mobitel ilipoanza kutoa huduma Dar es Salaam, mwaka ule ule ambao Kampuni ya Simu Tanzania, yaani TTCL, ilianza kazi baada ya lililokuwa Shirika la Posta na Simu kugawanywa. Kwa miaka kadhaa hilo lilikuwa jambo la jiji. Vodacom iliyoanza mwaka 2000 na Celtel iliyoanza mwaka 2001 ndizo zilizosukuma minara kuelekea mikoani, na katika muongo huo mtandao ulifika Tarime, Sirari, Nyamongo na Mugumu, kisha vijijini kwa kusuasua. Sirari, mji wa mpakani unaotazamana na Isebania ya Kenya, ulikuwa na bahati ya aina yake, kwa kuwa mawimbi ya kampuni za Kenya hayakujua mpaka, na wafanyabiashara wa huko walizoea kuwa na laini mbili, ya nchi hii na ya ile. M-Pesa ilipoanza Kenya mwezi Machi 2007 na Tanzania mwaka 2008, simu iliacha kuwa chombo cha mazungumzo tu na kuwa pochi, na tangu hapo kuingia maji kwa simu kukawa na hofu mpya, ingawa hofu hiyo kwa sehemu haikuwa na msingi: fedha za mteja hukaa kwenye kumbukumbu za kampuni na hazimo ndani ya simu, na laini, ambayo ni kipande cha plastiki chenye saketi ndogo iliyofunikwa vizuri, ni miongoni mwa sehemu za simu zinazostahimili maji kuliko zote.

Hofu hiyo ilizaa kosa la mpangilio lililogharimu simu nyingi. Mtu aliyeitoa simu mtoni au kwenye beseni la nguo alianza kwa kuitazama kama bado inawaka, kwa kubonyeza kitufe; akiona inawaka, alipiga ili kujaribu kama inasikika; kisha akaichomoa laini na kuifuta vizuri, kwa kuwa ndiyo iliyobeba namba yake na majina ya watu, ambayo kwa laini za wakati huo yalikuwa kiasi cha 250 hivi; na mwisho kabisa akaikumbuka betri. Mpangilio ulio sahihi ni kinyume chake. Maji safi kabisa ni kipitisho dhaifu cha umeme, lakini maji ya mto, ya kisima au ya mvua iliyopita kwenye nguo yenye jasho yana chumvi zilizoyeyuka ndani yake, na chumvi hizo huyapa uwezo wa kupitisha umeme kutoka sehemu moja ya bodi hadi nyingine isiyostahili kuupata. Palipo na umeme, shaba ya nyaya nyembamba huanza kuyeyuka upande mmoja na kujijenga upande wa pili, ikafanya nyuzi za metali zisizoonekana kwa macho ambazo huunganisha vitu vilivyotakiwa kubaki mbalimbali, na yote haya huweza kuanza ndani ya dakika chache. Betri ikitolewa mara moja, kazi hiyo husimama, na maji yaliyobaki huwa ni maji tu yanayosubiri kukauka. Simu iliyozama kwa saa nzima ikiwa imezimwa na haina betri ina nafasi nzuri ya kupona kuliko iliyolowa kwa dakika moja ikiwa mikononi mwa mtu anayebonyeza kila kitufe kuijaribu.

Simu za kwanza zilizoenea vijijini zilisamehe mengi. Nokia 1100, iliyotoka mwaka 2003 na kuuzwa zaidi ya milioni 250 duniani, ilibuniwa kwa kuwafikiria watumiaji wa nchi zenye vumbi na joto: vitufe vyake vilifunikwa kwa kipande kimoja cha mpira kisicho na nafasi za kupitisha uchafu, ilikuwa na tochi, na kifuniko chake cha nyuma kilitoka kwa kidole gumba. Mwenyewe angeweza kuivua kava, betri na laini bila kutafuta fundi, na kwa hiyo hatua muhimu kuliko zote ilikuwa mikononi mwake, hata kama mara nyingi aliichelewesha. Simu hizi ndogo zenye tochi, zilizokuja kuitwa vitochi, ndizo zilizojenga imani ya wakazi kwamba simu ikilowa hupona, imani ambayo baadaye ilihamishiwa kwenye simu zisizostahili kuaminiwa hivyo.

Baada ya kuvuliwa, simu ilipelekwa juani. Ilitandazwa juu ya jiwe au juu ya bati, kava huku na betri kule, na hapo ndipo urithi wa redio ulipoleta madhara. Bati lililopigwa na jua la adhuhuri huweza kuzidi nyuzi joto 60 za Selsiasi, ilhali betri za simu, ambazo ni za lithiamu na zilianza kuuzwa na kampuni ya Sony ya Japani mwaka 1991, hazitakiwi kuchajiwa katika joto la zaidi ya nyuzi 45 hivi na hupoteza uhai wake kwa haraka zikikaa kwenye joto kali. Betri iliyovimba haifai kurudishwa kwenye simu kwa namna yoyote. Kioo nacho hupata mabaka, gundi hulainika, na mvuke unaotoka upande uliopata joto huenda kuganda upande wa ndani ulio baridi zaidi, hivyo maji huhama badala ya kutoka. Kinachoondoa maji ndani ya simu ni hewa kavu inayotembea: simu iliyofunguliwa, ikafutwa, ikakung'utwa polepole matundu yake yakielekea chini, kisha ikawekwa kivulini penye upepo, chini ya paa au dirishani, kwa siku moja wakati wa kiangazi na mbili au zaidi wakati wa masika, hukauka vizuri kuliko iliyochomwa na jua. Muda huo wa nyongeza wakati wa mvua una sababu rahisi, kwani hewa iliyojaa unyevu haina nafasi ya kupokea mwingine, na mama yeyote wa Tarime aliyewahi kuanika ulezi mwezi Aprili analijua hilo bila kufundishwa.

Kisha ukaja mchele. Ushauri wa kuifukia simu kwenye mchele ulienea duniani pamoja na intaneti na simu janja, na ukafika hata katika wilaya ambazo chakula chake kikuu ni ugali na ambako mchele, mwingi wake ukitoka mikoa ya Shinyanga na Mwanza, hununuliwa dukani kwa kilo kwa ajili ya sikukuu na wageni. Kuna kejeli kidogo katika jambo hili: watu waliokuwa na ujuzi wa kale wa nafaka na unyevu walipokea kutoka mbali nadharia ambayo ujuzi wao wenyewe uliweza kuikanusha. Mchele wa dukani una unyevu wa asilimia 13 au 14, kwa maana kwamba umekwisha kulingana na hewa inayouzunguka, na katika msimu wa mvua, ambao ndio msimu wa simu kulowa, umekunywa sehemu yake tayari na hauna kiu tena. Wakulima walifundishwa na mabwana shamba kipimo cha chupa, ambapo nafaka hutiwa kwenye chupa kavu pamoja na chumvi iliyokaushwa na kutikiswa, na chumvi ikigandamana na kuta za chupa hujulikana kwamba nafaka bado ni mbichi. Anayekijua kipimo hicho anajua kwamba nafaka ni kitu kinachotoa unyevu na vilevile kuupokea. Mwaka 2014 kampuni ya Kimarekani ya Gazelle, iliyonunua na kuuza simu zilizotumika, ililinganisha vitu kadhaa vya kufyonza maji na kukuta kwamba mchele mbichi ulikuwa wa mwisho, na kwamba kuiacha simu wazi kwenye hewa kulizidi kuifukia. Mwezi Januari 2024 kampuni ya Apple ikawaonya wateja wake kwa maandishi wasitumie mchele, kwa kuwa chembe zake ndogo huweza kuiharibu simu, na pia wasitumie joto la nje wala upepo wa kusukumwa kwa mashine. Vile vipakiti vidogo vinavyokutwa ndani ya maboksi ya viatu vipya, ambavyo vina silika jeli, kitu chenye vinyweleo vingi kilichopewa hataza nchini Marekani na mwanakemia Walter Patrick mwishoni mwa muongo wa 1910, hufyonza unyevu kweli, lakini vinahitajika vingi, ndani ya chombo kilichofungwa barabara, na ni wachache wanaonunua viatu vipya kwa wingi wa kutosha.

Mchele ulipata sifa kwa sababu moja ambayo ni ya saa wala si ya nafaka. Aliyeifukia simu yake kwenye ndoo ya mchele hakuigusa kwa siku nzima, na kule kutoigusa ndiko kulikoiponya.

Mahali ambapo elimu ya simu ilijengwa upya ni kwenye meza ya fundi. Mafundi simu wa kwanza katika miji midogo walitoka mara nyingi kwenye ufundi wa redio, na vifaa vyao vilikuwa vile vile vilivyoongezewa vichache: bisibisi nyembamba, mita ya kupimia umeme, chuma cha kuchomea risasi, mswaki wa meno uliokwisha kazi yake ya kwanza, na baadaye bloa, yaani kifaa kinachopuliza hewa ya moto kwa kiwango kinachodhibitiwa. Fundi anayepokea simu iliyoingia maji huifungua yote, huinua vifuniko vya bati vinavyokinga sehemu za bodi, na hutafuta kwanza rangi: ukungu mweupe ni chumvi zilizobaki maji yalipokauka, na kijani ni shaba iliyokwisha kuliwa, ambayo mara nyingi huonekana mwanzo kwenye tundu la chaji, kwa sababu hapo ndipo umeme mwingi huingilia. Bodi husuguliwa kwa mswaki uliochovywa kwenye tina, kimiminika cha kuyeyushia rangi kinachopatikana katika kila duka la vifaa vya ujenzi, au kwenye spiriti ya kusafishia, ambayo ni bora zaidi kwa kuwa huchanganyika na maji, huondoka nayo inapovukiza, na haili plastiki kama tina inavyofanya. Hatua hii ya kuosha ndiyo inayowashangaza wenye simu, wanaoona kifaa kilicholowa kikiloweshwa tena, lakini ndiyo inayotenganisha kukausha na kuponya: simu iliyokaushwa bila kuoshwa hubaki na chumvi zake, na chumvi hizo huvuta unyevu wa hewa kila masika, ndiyo maana nyingi hufa miezi kadhaa baada ya ajali, wakati mwenyewe amekwisha kuisahau na analilaumu duka.

Maji yenyewe hayafanani, na fundi mzoefu huuliza simu ilianguka wapi kabla ya kuuliza ilianguka lini. Maji ya Ziwa Viktoria ni matamu na yana chumvi kidogo, tofauti kabisa na ya bahari yenye takriban gramu 35 za chumvi kwa lita, kwa hiyo mvuvi wa Mara ana heri kuliko wa Kilwa. Maji ya Mto Mara wakati wa mafuriko hubeba tope laini linalopenya hadi kwenye spika na kuganda humo. Jasho ni adui wa kimyakimya, hasa kwa mchimbaji mdogo wa dhahabu wa Nyamongo anayekaa na simu mfukoni kwenye joto la duara, yaani shimo la machimbo, au kwa mwanamke anayeitunza kifuani, kwa maana jasho lina chumvi na huingia kidogo kidogo kila siku bila kuhesabiwa kuwa ajali. Maziwa na soda ni vibaya kuliko vyote, na hapo ushauri unaoonekana wa kichaa, wa kuisuuza bodi iliyotolewa betri kwa maji safi kabla sukari na mafuta havijaganda, ndio ulio sahihi.

Kinga nayo ina historia yake fupi. Kwa miaka mingi waendesha bodaboda, wachungaji na wachimbaji walizifunga simu zao kwenye mifuko ya rambo, ile mifuko myepesi ya plastiki iliyotolewa bure dukani, na kinga hiyo ilitosha kwa mvua ingawa haikutosha kwa mto. Tarehe 1 Juni 2019 serikali iliipiga marufuku mifuko hiyo nchi nzima kwa ajili ya mazingira, uamuzi uliokuwa na sababu nzuri, na watu wakahamia kwenye vifungashio vya sukari na chumvi, ingawa vile vilivyobeba chumvi vina ubaya wake uliokwisha kuelezwa.

Mwaka huo huo wa 2019, mwezi Mei, ulianza usajili wa laini kwa alama za vidole, na tangu tarehe 20 Januari 2020 laini zisizosajiliwa hivyo zilianza kuzimwa, hivyo laini ikawa na thamani ya kitambulisho. Kabla yake, usiku wa tarehe 16 Juni 2016, Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania ilikuwa imezizima simu bandia kwa kutumia IMEI, namba ya tarakimu 15 inayokitambulisha kila kifaa. Kwa fundi wa Tarime au Mugumu jambo hilo liligusa moja kwa moja tiba ya simu iliyoingia maji, kwa kuwa namba hiyo hufuata bodi na haifuati kava, na bodi iliyochomolewa kwenye simu bandia ili kuokoa iliyooza haikuwa tena na maana. Kuiosha bodi halisi kukawa na faida kuliko kuibadilisha.

Katika Wilaya ya Serengeti simu kavu imepata pia uzito ambao hauhusiani na biashara. Ukeketaji wa wasichana, ambao kwa walio chini ya miaka 18 ulikatazwa na Sheria ya Makosa ya Kujamiiana ya mwaka 1998, umeendelea kufanyika katika baadhi ya koo, hasa mwezi Desemba shule zinapofungwa, na nyumba salama ya Mugumu, inayoendeshwa na shirika la Hope for Girls and Women in Tanzania chini ya Rhobi Samwelly, hupokea wasichana wanaokimbia. Shirika hilo, likishirikiana na mradi wa ramani wa Crowd2Map ulioanza mwaka 2015, limewapa wanawake wa kujitolea vijijini simu janja za kuchorea ramani za njia na makazi na kutolea taarifa, kwa sababu vijiji vingi havikuwa na ramani ambayo polisi wangeifuata usiku. Desemba ni mwezi wa vuli. Simu inayozimika kwa sababu ya mvua katika mwezi huo inaweza kuzima pamoja nayo taarifa ya msichana mmoja, na ni vigumu kupata mfano ulio wazi zaidi wa kwa nini elimu ya kukausha simu haistahili kudharauliwa kama mambo madogo ya nyumbani.

Simu janja hizo hizo, hata hivyo, zimeliondoa mikononi mwa mwenyewe lile tendo moja lililokuwa muhimu kuliko yote. Betri yake imefungiwa ndani kwa gundi, na mwenye nayo hawezi kufanya zaidi ya kuizima, kuitoa laini na kungoja. Watengenezaji wanajibu kwamba simu za bei ya juu zimezibwa kwa mpira na gundi na kupewa daraja la IP67 au IP68, vipimo vya kimataifa ambavyo cha kwanza kinamaanisha kustahimili kuzama kwenye maji ya kina cha mita moja kwa dakika 30. Lakini vipimo hivyo hufanyika kwa maji safi yaliyotulia na kwa simu mpya, na sehemu kubwa ya simu janja zinazouzwa kwa bei ya kati katika maduka ya Tarime na Mugumu hazina daraja hilo. Zile zilizonalo huletwa zikiwa zimetumika nje ya nchi, na nyingi zimekwisha kufunguliwa mara moja kubadilishwa kioo au betri. Ili kuifungua, fundi huipasha moto mpaka gundi ilegee, na gundi mpya anayoirudishia hushika kioo vizuri bila kurudisha kinga ya kiwandani, wala hana chombo cha kupimia kama imerudi, kwa hiyo mnunuzi hukabidhiwa simu ambayo boksi lake linasema haiogopi maji na ambayo mvua ya kwanza ya Machi itaikuta wazi kuliko kitochi.